Kibiongo Hakinyooki kwa Kukemewa

Leo tunazungumza juu ya migongo iliyopinda, na si kiunoni bali huku juu, kuanzia shingoni hadi katikati ya mabega. Kibiongo, kama tunavyosema nyumbani. Naanza na kauli ambayo sidhani kuna aliyekulia kwetu akaikosa: "Wewe, hebu nyooka! Unajikunja hivyo umekuwa kizee?" Mama anaisema, mwalimu anaisema, na shangazi aliyekuja kusalimia tu naye hapitwi. Nia ni njema. Ila kauli hiyo moja huwaangukia watu watatu wasiofanana hata kidogo. Yupo kijana aliyejikunja juu ya simu, ambaye akitaka kunyooka ananyooka sasa hivi. Yupo mtoto ambaye pingili zake za mgongo zinaliwa na kifua kikuu, na huyo hanyooki hata umwahidi baiskeli. Na yupo bibi ambaye mifupa yake imepungua nguvu, pingili zimebonyea moja baada ya nyingine, na kila akijilazimisha kusimama wima anaumia. Wote watatu wanaambiwa nyooka. Mimi nasema, kabla hujamkemea mwenye kibiongo, jua kwanza ni kibiongo gani, maana wawili kati ya hao hawajakosa adabu. Wanaumwa.

Mgongo wa binadamu haukuumbwa unyooke moja kwa moja. Mtoto huzaliwa amejikunja wote, vile alivyokuwa tumboni. Akianza kukaza shingo, miezi mitatu minne hivi, ndipo shingo inapoanza kujipinda kuelekea ndani. Akija kukaa na kusimama dede, kiuno nacho kinafuata. Sehemu ya juu ya mgongo, yenye pingili 12 zinazoshika mbavu, inabaki na mpindo wake wa kuzaliwa, unaoelekea nje. Madaktari huupima mpindo huo kwa nyuzi, kwenye picha ya eksirei iliyopigwa ubavuni, kwa njia iliyobuniwa na daktari Mmarekani John Cobb na kutangazwa mwaka 1948. Ukiwa kati ya nyuzi 20 na 45 hivi, huo ni mgongo wa mtu mzima mwenye afya. Kwa hiyo mwenye mgongo wa mviringo kidogo aachwe apumue.

Kipimo cha kwanza hakihitaji mashine. Tandika mkeka sakafuni, mtu alale chali bila mto, alegee kwa dakika chache. Mabega yakitua kwenye mkeka, na kisogo nacho kikatua bila kidevu kunyanyuka kuelekea darini, basi mpindo ule ulikuwa wa mkao tu. Ukibaki palepale, mfupa umehusika, au viungo vimekakamaa. Kipimo cha pili ni cha watoto na vijana peke yao: ainame mbele taratibu, mikono ikielekea kwenye vidole vya miguu, nawe umtazame kutoka ubavuni. Mgongo mzima utachora mviringo mmoja laini. Ukiona mahali pamechomoza ncha, pameweka pembe, hapo usingoje wiki ijayo. Bibi usimwinamishe, sababu yake nitaifikia.

Tummalize kijana wa simu, maana habari yake ni fupi kuliko inavyovumishwa. Kichwa cha mtu mzima kina uzito wa kilo tano hivi. Mwaka 2014 daktari mmoja wa New York, Kenneth Hansraj, alitoa hesabu kwamba ukikiinamisha kichwa hicho nyuzi 60, shingo inabeba mzigo wa kilo 27. Hesabu hiyo ilizunguka dunia nzima na mpaka leo inakuja kwenye magrupu ya WhatsApp ikiwa na mchoro wa mtu mwenye shingo imelala. Wanaoituma hawasemi kwamba ilifanywa kwa kompyuta, haikutokana na watu waliopimwa shingo. Mwaka 2018 watafiti wa Brazil waliwachunguza vijana 150 wa Rio de Janeiro, wenye miaka 18 hadi 21, wakatazama wanavyoinamia simu, wakauliza nani anaumwa shingo. Hawakuona uhusiano. Sisemi simu haichoshi shingo. Inachosha, na cherehani inachosha, na kusuka nywele za watu kutwa nzima kunachosha kuliko vyote. Ninachosema ni kwamba anayechoka kwa kukaa mkao mmoja anahitaji kuubadili. Fundi cherehani ainuke kila baada ya nusu saa, atembee mpaka mlangoni, arudishe mabega nyuma mara kumi. Kiti kikiwa kifupi, meza ipunguzwe au kiti kiinuliwe kwa matofali. Ile mikanda ya kuvaa mabegani inayouzwa mitaani kwa ahadi ya kunyoosha mgongo, itakukumbusha ukiwa umeivaa; ukiivua misuli yako ni ileile ya jana. Hela hiyo nunua dagaa, na dagaa tutawarudia.

Sasa nije kwa mtoto, na hapa naomba tukae kidogo.

Mwaka 1891, katika kisiwa cha Sardinia huko Italia, alizaliwa Antonio Gramsci. Alikuja kuwa mmoja wa wanafikra wakubwa wa siasa wa karne iliyopita. Serikali ya Mussolini ikamfunga, na madaftari aliyoyaandika gerezani yanasomwa vyuo vikuu hadi leo. Alipokuwa mdogo, mgongo wake ulianza kutoa kinundu. Familia ikapata jibu mapema: mtumishi wa nyumbani alimwangusha. Ukatafutwa ushauri, akatengenezewa fulana ngumu yenye pete, na mtoto akawa ananing'inizwa darini ili anyooke. Kinundu hakikunyooka. Gramsci aliishia kuwa mtu mzima asiyefika mita moja na nusu. Mwaka 1933, akiwa mfungwa wa miaka 42, alipimwa na Profesa Umberto Arcangeli, ambaye aliandika kuwa ana kifua kikuu cha uti wa mgongo. Miaka minne baadaye alifariki.

Nimeileta habari hii kwa ajili ya yule mtumishi. Kwetu pia yeye ndiye wa kwanza kuitwa sebuleni. Mtoto akitoka kinundu, dada wa kazi anaulizwa alimwangusha lini. Asipokuwapo yeye, atatafutwa jirani mwenye kijicho. Lakini watoto wote huanguka. Ukitafuta siku aliyoanguka mtoto wa miaka mitatu utaipata bila shida yoyote, na ukishaipata unaacha kuutafuta ugonjwa.

Ugonjwa wenyewe hufanya kazi hivi. Vimelea vya kifua kikuu vinaingia kwa njia ya hewa, vinafika mapafuni, na kutoka huko damu inavisafirisha. Vikitua mgongoni, hupenda sehemu ya mbele ya pingili, ile nene inayobeba uzito. Vinaila polepole kwa ndani, mithili ya nguzo ya nyumba ya udongo inayoliwa na mchwa upande mmoja: kwa nje unaona iko sawa, mpaka siku inapolalia upande ulioliwa. Pingili mbili zilizo jirani zikibonyea mbele, nyuma panachomoza ncha. Ndiyo pembe niliyosema uitafute mtoto anapoinama. Mkao mbaya hutoa mviringo. Pembe ya namna hii hauitoi.

Na mtoto huyo huenda hakohoi hata kidogo. Hilo ndilo linalowapotosha wengi, maana tumefundishwa kifua kikuu ni kikohozi. Dalili zake tazama kwenye michezo. Mtoto aliyekuwa akikimbia na wenzake sasa anakaa pembeni. Mdondoshee sarafu chini umwambie aiokote: wenzake watainama, yeye atachuchumaa, mgongo ameukaza kama ulivyo, aiokote, ainuke kwa kujishika mapajani. Usiku analia usingizini bila kuamka vizuri, kwa sababu misuli iliyokuwa inaulinda mgongo mchana kutwa imelegea. Ugonjwa ukiwa shingoni, utamwona anapoinuka kitandani anashika kichwa kwa mikono miwili, au anakaa ameegemeza kidevu kwenye viganja, na mtu mzima anamkemea kwamba kushika tama ni mkosi. Jioni homa kidogo, usiku jasho, nguo zinampwaya. Wengine hutokwa na uvimbe kwenye kinena ambao hauna joto wala hauumi sana. Ni usaha uliotiririka kutoka mgongoni ukifuata misuli hadi huko. Ukipasuliwa kienyeji mtaani kwa kudhaniwa ni jipu la kawaida, mtoto anaongezewa tatizo la pili. Hatua inayotisha zaidi ni miguu. Akianza kujikwaa mahali tambarare, au miguu ikikakamaa, au mkojo ukaanza kumtoka bila kujua, ujue ugwe ulio ndani ya uti wa mgongo umebanwa. Hiyo ni safari ya leoleo.

Ugonjwa huu si mgeni duniani. Maiti iliyokaushwa Misri ya kasisi Nesperehan, aliyekufa miaka 3,000 hivi iliyopita, ina pembe hiyohiyo mgongoni na usaha hadi kwenye nyonga. Mpasuaji wa London, Percivall Pott, alieleza mwaka 1779 jinsi mgongo uliopinda unavyofuatana na miguu kupooza, na hadi leo madaktari wanauita ugonjwa huo kwa jina lake, ingawa chanzo hakukijua. Kimelea chenyewe kilitangazwa na Robert Koch mwaka 1882. Kabla ya dawa, tiba ilikuwa kitanda. Mtu alilazwa miezi, wengine miaka, amefungwa plasta kifua kizima.

Kilichobadili mambo kinatuhusu hasa sisi wa nchi zisizo na vitanda vya kutosha. Katika miaka ya 1960 na 1970, Baraza la Utafiti wa Tiba la Uingereza liliongoza majaribio Korea, Hong Kong, India na hapa Afrika, mjini Bulawayo. Swali mojawapo lilikuwa rahisi: mgonjwa wa mgongo akipewa dawa akarudi nyumbani anatembea, atakuwa na hali mbaya kuliko aliyelazwa au kufungwa plasta? Jibu lilikuja kuwa hapana. Waliokunywa dawa wakaendelea kutembea walipona sawa na waliolazwa. Leo mgonjwa huanza na dawa nne, kisha zinapunguzwa, na kwa uti wa mgongo matibabu mara nyingi huendelea kati ya miezi tisa na kumi na miwili. Katika hospitali na vituo vya serikali, Tanzania na Kenya, dawa hizo hazilipiwi. Moja inaitwa rifampisini, na itageuza mkojo kuwa wa rangi ya chungwa. Usitishike, na usiache dawa mwezi wa tatu kwa sababu mtoto ameanza kucheza tena. Upasuaji upo, kwa miguu iliyopooza, kwa mgongo uliolegea hadi haushiki, au kwa pembe kubwa. Wengi hawaufikii.

Nina mambo mawili ya kuongeza kabla sijatoka hapa. Eksirei ya mwanzo inaweza kuonyesha mgongo salama, kwa kuwa mfupa lazima uwe umeliwa sana ndipo picha ionyeshe. Mtoto akizidi kuumwa, rudi, usikubali kwamba picha imekwisha kusema. La pili linasahaulika hata na walioandikiwa dawa vizuri: mtoto aliyepona bado anakua, na mgongo ulioharibika mbele unaweza kuendelea kupinda miaka baada ya vimelea kufa, kwa sababu nyuma inarefuka na mbele hairefuki. Kwa hiyo apelekwe kupimwa mara kwa mara mpaka amalize kukua. Kadi ikiandikwa "amepona", mgongo bado unahitaji jicho.

Kwa kijana wa miaka 12 hadi 16 kuna kibiongo cha namna nyingine, ambacho hakina vimelea wala homa. Mdenishi Holger Scheuermann alikieleza karibu mwaka 1920 kutokana na picha za eksirei. Pingili tatu au zaidi zinazofuatana hukua vibaya, mbele fupi nyuma ndefu, na mgongo unakuwa wa mviringo mgumu usionyooka hata kwenye mkeka. Wavulana ndio huonekana nacho zaidi. (Scheuermann mwenyewe tasnifu yake ilikataliwa na Chuo Kikuu cha Copenhagen, alipewa shahada ya heshima mwaka 1957 akiwa mzee wa karibu miaka 80. Wenye tasnifu zilizokwama, mnasikia.) Kijana huyu anayeitwa mzembe na mwalimu wa zamu hana la kufanya, mifupa yake imejipanga hivyo. Mpindo ukiwa mkubwa na bado anakua, gamba gumu la kuvaa mwilini saa nyingi kwa siku linaweza kuuzuia usizidi. Upasuaji hufikiriwa kwa mpindo unaozidi nyuzi 70 hivi unaouma au unaoendelea. Walio wengi huhitaji mazoezi na kuachwa waishi. Huko Iowa, Marekani, wagonjwa wasiofanyiwa upasuaji walifuatiliwa kwa wastani wa miaka 32. Walikuwa na maumivu ya mgongo zaidi ya watu wengine na walielekea kazi nyepesi, lakini waliendelea na kazi na maisha yao.

Bibi sasa. Baada ya hedhi kukoma mwili wa mwanamke unapoteza kinga kubwa ya mifupa, na pingili za mgongo, ambazo ndani ni za vitundu vitundu, ndizo huathirika mapema. Zinabonyea bila kishindo. Huenda alinyanyua sufuria tu, huenda alipiga chafya, huenda hakusikia kitu chochote. Sehemu kubwa ya pingili zinazovunjika hivi haijulikani siku ilipovunjika. Kinachoonekana ni kwamba bibi amepungua urefu. Gauni lililokuwa linaishia kwenye kifundo cha mguu sasa linaburuta mbele. Akipoteza zaidi ya sentimita nne za urefu wa ujana wake, hiyo ni sababu tosha ya kumpiga picha. Wanaume nao wamo, hasa wanywaji, wavutaji sigara, na waliotumia prednisoloni miaka mingi kwa pumu au baridi yabisi. Hao wa prednisoloni wasiiache ghafla, ni hatari. Wamwombe daktari aangalie mifupa yao.

Na hii ndiyo sababu nilikataza kumwinamisha. Mwaka 1984 watafiti wa Mayo Clinic, Marekani, walilinganisha wanawake wenye mifupa dhaifu waliofanya mazoezi ya kuinama mbele na wale waliofanya ya kunyoosha mgongo kwenda nyuma. Walioinama walivunjika pingili zaidi, kwa tofauti kubwa. Sasa tazama siku ya bibi wa kwetu. Anafagia uwanja kwa ufagio mfupi, mkono mmoja mgongoni. Anapalilia kwa jembe la mpini mfupi. Anafua kwenye beseni lililo chini, anapuliza moto wa mafiga matatu. Siku nzima ni zoezi lile lililokatazwa. Kabla ya kununua dawa yoyote, mchongee mti mrefu uufunge kwenye ufagio, mwinulie beseni juu ya benchi, meko yapandishwe juu. Mabinti na wajukuu wachukue ufagio, bila kumfanya ajione mzigo. Bibi zetu tunawajua, ukimnyang'anya ufagio bila maneno mazuri atasusa.

Mazoezi yanayomfaa yanakwenda upande wa pili. Alale chali kwenye mkeka, kanga iliyoviringishwa chini ya mgongo wa juu, mikono ameitandaza, apumue hivyo dakika tano. Akikaa kwenye kiti, arudishe kidevu nyuma usawa, bila kutazama juu, ashikilie akihesabu hadi tano. Avute mabega nyuma akutanishe mifupa ya mabega. Mwenye nguvu kidogo alale kifudifudi, mto mdogo chini ya tumbo, ainue kifua kidogo tu. Mara tatu kwa wiki. Huko San Francisco, watu wenye umri wa miaka 60 na zaidi walifanya mazoezi ya aina hii kwa miezi sita, na matokeo yalitolewa mwaka 2017: mpindo ulipungua kwa nyuzi tatu hivi. Nyuzi tatu ni chache, nawaambieni ukweli, na anayekuuzia kunyooka kabisa ndani ya mwezi anakuuzia uongo. Ila waliofanya walijiona vizuri zaidi walipojitazama, na hilo kwa mtu anayekwepa picha za harusi si jambo dogo.

Dagaa nimeahidi. Anayeliwa mzima na mifupa yake ni chokaa ya mwili ya bei nafuu kuliko kopo lolote la duka la dawa, akifuatiwa na maziwa na mtindi. Zipo pia dawa za hospitali za kuzuia mifupa kuendelea kupungua. Na usiku muwashieni taa njia ya chooni, kwa sababu kuanguka ndiko kunakomaliza kazi iliyoanzwa na mifupa dhaifu.

Kuna nundu nyingine ambayo si mfupa kabisa, nayo hukaa ukosini, pale shingo inapokutana na mgongo. Ukiibonyeza ni laini; ni mafuta. Wengine wanayo kwa unene tu. Lakini mwenye nundu hiyo akiwa uso umemviringa kuliko zamani, tumbo kubwa, miguu na mikono imekonda, na ngozi inachubuka upesi, muulize anapaka nini na anameza nini. Baadhi ya krimu za kung'arisha ngozi zina steroidi kali, na vidonge vinavyouzwa kichinichini kwa ajili ya kunenepa na kupata umbo, navyo baadhi yake ni deksamethasoni, steroidi pia. Dawa hizo hujaza mafuta ukosini huku zikidhoofisha mifupa iliyo chini yake. Baadhi ya wenzetu waliotumia dawa za zamani za virusi vya UKIMWI, ikiwamo stavudini, walitoka nundu hiyo pia. Dawa hiyo Shirika la Afya Duniani lilishauri iondolewe polepole tangu mwaka 2009.

Shingoni kuna woga ninaotaka kuupunguza, na mwingine ninaotaka kuuongeza. Wa kupunguza ni ripoti ya eksirei inayosema shingo imenyooka, imepoteza mpindo wake. Watu huja nayo wamekunja uso wakidhani wamepewa hukumu. Shingo ya namna hiyo huonekana kwa watu wengi wasioumwa chochote, na wakati mwingine ni misuli iliyokaza siku hiyo, au jinsi mpiga picha alivyokuweka kidevu. Ripoti peke yake haitibiwi.

Wa kuongeza unawahusu wanaobeba kichwani. Mwaka 1986 watafiti waliofanya kazi Kenya, akiwamo Profesa Geoffrey Maloiy wa Nairobi, walipima wanawake wa Kiluo wanaobeba kichwani na wa Kikuyu wanaobeba kwa ukanda wa paji la uso, wakakuta kwamba wanaweza kubeba mzigo wa hadi asilimia 20 ya uzito wao bila kutumia nguvu ya ziada. Ulimwengu ulishangilia ustadi huo. Ila mwanamke wa kilo 60, asilimia 20 yake ni kilo 12, na dumu la maji ni lita 20. Tena nguvu aliyookoa haikuokoa shingo: madaktari waliowapiga picha wabeba kuni wa Kongo walikuta pingili za shingo zimechakaa kuliko za wasiobeba. Mwanamke anayechota maji mbali hawezi kuambiwa aache. Anaweza kuambiwa madumu ya lita 10, na mumewe anaweza kuambiwa kwamba baiskeli inabeba maji pia. Dalili ya hatari kwa shingo iko mikononi kuliko shingoni kwenyewe. Vifungo vya shati vinamshinda mgonjwa. Anabonyeza namba zisizo zake anapotuma pesa kwa simu. Kikombe kinamponyoka, na akitembea gizani anayumba. Huo ni ugwe unaobanwa, na mara nyingi hauumi, ndiyo maana watu huchelewa.

Mkandaji naye simsahau, maana najua mtaniuliza. Kwa misuli iliyochoka, mafuta ya nazi na mikono ya mtu anayejua kazi yake sina ugomvi nayo. Lakini mgongo wenye ncha, mgongo wa bibi aliyepungua urefu, mgongo wa mwenye homa, wa aliyewahi kutibiwa saratani ya titi au tezi dume, usiruhusu mtu aukanyage wala auvute mpaka ulie ko. Unaweza kuingia unatembea, ukatolewa umebebwa.

Ukifika hospitali, usiseme "mgongo unauma" ukanyamaza. Siku yenye foleni ndefu, utaandikiwa diklofenaki ya kutuliza maumivu na kurudishwa nyumbani. Sema kibiongo kilianza kuonekana lini na kama kinaongezeka. Sema kama kinanyooka akilala. Taja homa za jioni na jasho la usiku, na kama nyumbani kuna mtu aliyewahi kutumia dawa za kifua kikuu. Taja miguu, mikono, na mkojo, hata kama hujaulizwa, hata kama habari ya mkojo unaionea haya. Dawa zote ulizonunua mwenyewe, na krimu, zibebe kwenye mfuko uzitoe mezani. Kisha mvue mtoto shati, umgeuze mgongo umwelekee daktari, kwa sababu mtoto anayetazamwa usoni tu, amekaa mapajani na sweta lake, huenda akarudi nalo nyumbani bila mgongo wake kuonwa na mtu.